Jua la Utosi na Ukali Wake

Katika nyumba moja ya Cheyo, mjini Tabora, ulizuka ubishi mwezi wa Oktoba, baada ya sala ya Adhuhuri. Mtoto alitumwa na mama yake kwenda kuugeuza mpunga ulioanikwa uani. Alipiga hatua chache tu, akarudi mbio akilalamika kwamba ardhi yamchoma nyayo. Kaka yake, kijana wa sekondari, akamwambia, "Mwezi huu jua limetusogelea karibu, ndiyo maana." Babu yao, aliyekuwa ameketi barazani na tasbihi yake mkononi, akainua uso na kusema, "Mjukuu wangu, hata mwezi wa Machi jua lilikuwa juu ya utosi vile vile, na mdogo wako alicheza mpira mchana kutwa. Je, mwezi wa Machi halikutusogelea?" Kijana akanyamaza, na wala babu hakuwa na jawabu.

Swali la mzee yule ni swali jema, nalo linastahili kujibiwa katika kila nyumba. Ndani yake mna elimu ya mambo aliyoyaumba Mwenyezi Mungu, mna nyakati za sala zetu, na kama tutakavyoona mbele, mna uhai wa baadhi ya watoto wetu.

JUA HALIJASOGEA

Kwanza tuliondoe kosa la yule kijana, maana wengi wanalo. Ni kweli kwamba dunia haiwi mbali na jua kwa kadiri moja mwaka mzima. Mwanzoni mwa Januari iko umbali wa kilometa milioni 147 hivi, na mwanzoni mwa Julai kilometa milioni 152 hivi. Kwa tofauti hiyo nguvu ya mwanga utufikiao mwezi wa Januari huizidi ile ya Julai kwa kadiri ya sehemu 7 katika 100. Lakini mwezi wa Oktoba hatuko karibu wala mbali, tuko kati na kati. Wala saa sita mchana jua halitukaribii kuliko asubuhi kwa kiasi cha mtu kuhisi. Basi ukaribu sio sababu.

Sababu ya kwanza ni mshazari wa miale. Chukua tochi usiku, uimulike sakafu kutoka juu moja kwa moja. Utaona duara ndogo yenye mwanga mkali. Sasa ilaze tochi ile ile upande. Duara itatanuka na kuwa ndefu, na mwanga wake utafifia. Betri hazikupungua nguvu, ila mwanga ule ule umegawanywa juu ya mahali papana zaidi. Ndivyo lilivyo jua. Likiwa utosini, miale yake huanguka wima. Likishuka hata likawa nyuzi 30 tu juu ya upeo wa macho, mwanga uliokuwa ukiangukia mkeka mmoja huenea juu ya mikeka miwili.

Sababu ya pili ni hewa. Dunia imefunikwa na hewa kama blanketi, na kila mwale hauna budi kulipenya. Jua la utosi hulipenya kwa njia ya mkato. Jua lililo nyuzi 30 juu ya upeo hupita katika hewa mara mbili ya ile, na jua la kuaga miti, linapokaribia kuchwa, hupita katika hewa nyingi zaidi mara kadhaa wa kadhaa. Humo njiani hewa, mvuke na vumbi huutawanya mwanga na kuumeza. Rangi ya buluu hutawanyika mapema, ikabaki ile nyekundu, na ndiyo sababu ya wekundu wa magharibi.

Wataalamu wamepima wakaona kwamba juu kabisa, kabla ya kuingia hewani, kila mita ya mraba inayolikabili jua hupokea wati 1,361 hivi. Huku chini, siku ya mbingu safi na jua la utosi, hubaki kama wati 1,000. Kinachobaki asubuhi na jioni ni kidogo sana kuliko hicho.

KIJITI CHA UANI

Mambo haya hayahitaji chombo cha thamani. Wazazi na wawape watoto kijiti cha urefu wa sentimeta 100, wakisimamishe wima uani mahali palipo sawa, wapime kivuli chake kila siku wakati kinapokuwa kifupi kuliko vyote.

Tabora iko nyuzi 5 kusini mwa ikweta. Kwa hiyo jua hupita juu ya utosi wetu mara mbili kwa mwaka: linapokwenda kaskazini, tarehe 8 Machi hivi, na linaporudi kusini, tarehe 6 Oktoba hivi. Siku hizo kijiti hakina kivuli wakati wa mchana mkuu. Mwishoni mwa Juni jua liko mbali upande wa kaskazini, na kivuli cha mchana huelekea kusini, urefu wake kama sentimeta 54. Mwishoni mwa Desemba jua liko kusini, na kivuli huelekea kaskazini, kama sentimeta 33. Mtoto atakayeyaona haya kwa macho yake hatayasahau.

Kijiti kitawafundisha na jambo la pili. Mchana mkuu wa Tabora hauwi saa sita kamili ya saa ya ukutani. Saa ya Afrika Mashariki imewekwa kwa kufuata mstari wa nyuzi 45 mashariki, ambao uko mbali nasi upande wa bahari, na Tabora iko karibu na nyuzi 33. Kwa hiyo jua hutufikia utosini, kwa wastani, saa 6 na dakika 49. Mwanzoni mwa Novemba huwahi, ikawa kama saa 6 na dakika 32, na katikati ya Februari huchelewa hata saa 7 na dakika 3. Dar es Salaam hutangulia Tabora kwa dakika 26 hivi. Basi mtu wa Cheyo atakayeadhini Adhuhuri kwa ratiba iliyopigwa chapa kwa ajili ya watu wa pwani, huenda akaadhini kabla jua halijapinduka. Nyakati za sala zimewekwa kwa jua la mahali ulipo.

Tena kijiti kitawaonyesha kibla. Kila mwaka, tarehe 27 au 28 Mei saa 6 na dakika 18 mchana, na tarehe 15 au 16 Julai saa 6 na dakika 27, jua husimama juu ya Al-Kaaba. Saa ya Makka na saa yetu ni moja. Wakati huo, mwenye kulielekea jua ameelekea kibla, na kivuli cha kijiti huwa kinaelekea upande wa pili. Kwa Tabora kibla ni kaskazini, ikipotoka kidogo kwenda mashariki.

JAWABU LA SWALI LA BABU

Sasa twarudi barazani. Ikiwa jua huwa utosini mwezi wa Machi na mwezi wa Oktoba sawasawa, kwa nini Oktoba huchoma?

Tazama juu, kisha tazama chini. Mvua za Unyamwezi huanza kwa kawaida mwezi wa Novemba na kuendelea hata Aprili. Mwezi wa Machi mbingu ina mawingu mengi, na wingu zito huirudisha juu sehemu kubwa ya mwanga kabla haujatufikia. Na hata mwanga ule unaofika chini hukuta ardhi imelowa, majani mabichi na mito yenye maji. Sehemu kubwa ya nguvu zake hutumika kuyageuza maji yawe mvuke, na kazi hiyo hula joto, kama vile mtungi wa udongo unavyoyapoza maji kwa kutoa jasho.

Mwezi wa Oktoba ni kinyume. Yamepita majuma mengi pasipo mvua. Mbingu ni wazi, nyasi zimekauka au zimechomwa moto, miti mingi ya miombo imepukutisha majani, na udongo ni mkavu kama unga. Mwanga hufika wote, hauna maji ya kugeuza mvuke, basi huishia kuipasha ardhi moto, na ardhi ikaipasha hewa. Hapo ndipo mtoto alipochomwa nyayo. Jua la Machi na la Oktoba ni moja, na mahali pake mbinguni ni pamoja. Mawingu na maji ndiyo yaliyotofautiana.

Wazee wetu wa misafara waliyajua haya kwa miguu yao. Katika njia kuu ya zamani itokayo Bagamoyo kuja Tabora na kwenda Ujiji, palikuwa na nyika kavu kati ya Ugogo na Unyamwezi ikiitwa Mgunda Mkali. Ukali wake ulikuwa uchache wa maji na wa vijiji, si kwamba jua la pale lilikuwa jua lingine. Wazungu Burton na Speke walifika Kazeh, ambayo leo ni sehemu ya Tabora, tarehe 7 Novemba 1857, yaani majuma yaliyotangulia waliyakata safarini katika mwezi huo huo wa Oktoba. Desturi ya misafara ilikuwa kuamka alfajiri, kutembea asubuhi, na kutua mizigo kabla ya mchana mkuu. Mpagazi wa Kinyamwezi mwenye jino la tembo begani hakuwa na saa mfukoni, lakini alikitazama kivuli chake, na kilipokuwa kifupi alitafuta mti.

Lipo pia jambo ambalo huwachanganya wengi. Ukali wa jua ni jambo moja, na joto la hewa ni jambo jingine. Jua huwa kali kuliko wakati wote linapokuwa utosini, lakini hewa huwa na joto zaidi baadaye, kwenye saa nane au saa tisa, kwa sababu ardhi huchukua muda kupata moto, kama sufuria jikoni. Dini yetu haikulipuuza jambo hili. Imepokewa katika Bukhari na Muslim kwamba Mtume (s.a.w.) aliagiza, joto linapozidi, sala ya Adhuhuri icheleweshwe hata papoe kidogo, pasipo kutoka nje ya wakati wake. Huo ni upole kwa waja.

JUA LISILOHISIWA

Katika mwanga wa jua mna miale ambayo jicho haliioni wala ngozi haihisi joto lake. Wataalamu huiita miale ya urujuanimno. Kwa kiasi kidogo ina manufaa, kwa kuwa huifanya ngozi itengeneze vitamini D, ambayo mifupa ya watoto huihitaji. Ikizidi huiunguza ngozi, huidhuru mboni ya jicho, na kwa miaka mingi yaweza kuleta saratani.

Miale hii yategemea sana urefu wa jua mbinguni. Huko angani iko hewa iitwayo ozoni, ambayo huizuia sehemu kubwa ya miale hiyo, na juu ya nchi za joto tabaka hilo ni jembamba kuliko juu ya nchi za mbali na ikweta. Tena kadiri mtu anavyokaa mahali pa juu, ndivyo hewa iliyo juu yake inavyopungua. Kwa kila mita 1,000 za kimo, miale hiyo huongezeka kwa kadiri ya sehemu moja ya kumi. Tabora iko kwenye kimo cha mita 1,200 hivi juu ya bahari. Kwa hiyo mtu wa Cheyo, ingawa hewa yake ni kavu na huburudika zaidi kuliko mtu wa pwani, ngozi yake haikusalimika zaidi.

Wingu jepesi nalo hudanganya. Huondoa ule mwako tunaouhisi, lakini huipitisha sehemu kubwa ya urujuanimno. Na jua linapochungulia kati ya mawingu meupe makubwa, mwanga wake waweza kwa muda mfupi kuzidi hata ule wa mbingu tupu, kwa sababu mawingu yale huurudisha mwanga upande wetu kama vioo. Kivuli nacho kina daraja zake. Mwembe wenye majani mazito, kama ile miembe mikongwe ya Tabora, hulinda vizuri. Mti wa majani machache hulinda kidogo, kwa kuwa miale huja pia kutoka mbinguni pande zote.

Lililo kubwa zaidi ni hili: mwezi wa Juni na Julai Tabora huwa na baridi asubuhi na upepo mchana. Watu husema jua halina nguvu. Sivyo. Hata mwishoni mwa Juni jua la mchana hupanda nyuzi 61 na zaidi juu ya upeo. Baridi ni ya hewa, si ya jua. Mtu haungui kwa kuhisi, huungua pasipo kuhisi.

WATOTO WALIO HATARINI ZAIDI

Mwenyezi Mungu amewaumba watu kwa rangi mbalimbali. Ngozi nyeusi ina rangi ya asili iitwayo melanini, ambayo ni mwavuli wa ndani. Lakini wako ndugu zetu waliozaliwa pasipo rangi hiyo au wakiwa nayo kidogo sana, nao ni watu wenye ualbino. Sensa ya mwaka 2012 ilihesabu zaidi ya watu 16,000 wa namna hiyo katika Tanzania. Kwao jua la utosi ni hatari ya kweli. Saratani ya ngozi huwapata wengi wakiwa bado vijana, na kuwaua wale wasiotibiwa mapema, hali ugonjwa huo kwa sehemu kubwa waweza kuzuiwa.

Mama mmoja mwenye mtoto wa namna hiyo alitusimulia jinsi mwanawe alivyokuwa akirudi kutoka shuleni na malengelenge shingoni na masikioni. Ilikuwa mwezi wa Julai, siku za baridi. Alipouliza, aliambiwa kwamba watoto wote husimama mstarini na hufanya kazi za bustani, na ya kuwa "jua la siku hizi si kali". Hakuna aliyemchukia mtoto yule. Waliomtesa hawakujua tu. Hawakujua kwamba baridi si kinga. Mama akaenda kwa mwalimu, akamweleza kwa adabu, na tangu siku hiyo mtoto huvaa kofia pana na shati la mikono mirefu, hukaa mbali na dirisha lenye jua, na hupewa kazi za kivulini.

Ndugu wazazi, tusingoje mpaka malengelenge yatufundishe. Kofia yenye ukingo mpana pande zote hulinda zaidi kuliko kofia ndogo, kwa sababu hufunika masikio na shingo. Nguo iliyofumwa kwa kubana hulinda kuliko nguo nyepesi inayopitisha mwanga. Kanzu na mtandio, tulivyovizoea kwa stara, ni kinga pia. Yako mafuta ya kujikinga na jua, na huko Moshi, katika hospitali ya KCMC, hutengenezwa mafuta hayo kwa ajili ya watu wenye ualbino. Kidonda kisichopona, au kipele kinachokua na kutoa damu, kisitibiwe nyumbani. Kipelekwe kwa daktari upesi.

Na zaidi ya hayo, tuwalinde na ndimi zetu. Kumwita mtoto majina ya dharau, au kuamini maneno ya waganga wa uongo waliosababisha damu za watu hawa kumwagwa, ni dhambi kubwa. Nafsi yake ina heshima ile ile ya nafsi yako.

KIPIMO KILICHO MIGUUNI MWAKO

Msomaji ataniuliza, "Nitajuaje saa za hatari, nami sina chombo?" Madaktari wametoa kanuni nyepesi: kivuli chako kikiwa kifupi kuliko wewe mwenyewe, jua ni kali, jikinge. Kikiwa kirefu kuliko wewe, ukali umepungua.

Je, Mwislamu hajawahi kukisikia kipimo hiki? Wakati wa Alasiri, kwa madhehebu ya Imamu Shafii ambayo wengi wetu twayafuata, huingia kivuli cha kitu kinapokuwa sawa na urefu wake, ukiongeza kile kivuli kilichokuwapo jua lilipokuwa mchana mkuu. Siku jua linapopita utosini hapana cha kuongeza. Basi siku zile, ambazo kwa mbingu safi jua lake ni kali kuliko siku zote, Alasiri huingia wakati ule ule ambao kivuli cha mtu hulingana na kimo chake. Siku nyingine huingia baadaye kidogo, jua likiwa limekwisha kushuka zaidi. Sisemi kwamba sala iliwekwa kwa ajili ya ngozi. Sala ni ibada. Nasema tu kwamba jirani anayesikia adhana ya Alasiri Cheyo amepewa habari, bila kulipa, ya kwamba jua kali limevunjika.

Wanazuoni wetu wa zamani walikiheshimu kivuli kwa sababu hiyo. Al-Biruni, aliyezaliwa mwaka 973, aliandika kitabu kizima juu ya elimu ya vivuli. Ibn al-Shatir, aliyekuwa mtunza nyakati wa Msikiti wa Banu Umayya huko Damascus, alitengeneza mwaka 1371 saa kubwa ya jua kwa ajili ya mnara wake. Hao hawakuona kwamba kupima ni kupunguza imani. Waliona ni kuishukuru akili waliyopewa.

Basi fanyeni mambo mepesi. Mpira wa vijana na uchezwe baada ya Alasiri. Mpunga na mahindi yaanikwe asubuhi, ili jua liyafanyie kazi wakati watoto wamo ndani. Kazi ya jembe imalizike kabla kivuli hakijafupika, ambayo katika siku za Oktoba ni kama saa 3 na nusu asubuhi. Mwenye ualbino na ajikinge hata kabla na baada ya saa hizo, kwa kuwa kwake hata jua dogo ni kubwa.

Yule babu wa Cheyo alipoelezwa haya, alimwita mjukuu wake, akamsimamisha uani pamoja naye, akakiangalia kivuli cha mtoto, kisha chake. Kila kimoja kilikuwa kifupi kuliko mwenyewe. "Twende ndani," akasema, "mpaka muadhini atuite."

Mwenyezi Mungu atujaalie kuzijua neema zake na kuzitumia kwa kadiri. Amin.